Siku Moja Cape Town: Kutoka Bo-Kaap hadi Kisiwa cha Robben

Shukrani zote ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad, pamoja na jamaa zake na sahaba zake.

Wasomaji wetu watukufu, na hasa akina mama mlioshika hatamu za malezi, wiki hii tunawaletea habari za safari. Mwenye kutembea katika ardhi kwa kuzingatia hurudi na kitu cha kuwagawia wenziwe, na haifai kukificha. Sisi na ahli yetu tulijaaliwa kupata siku moja kamili ya kuzungushwa na mtembeza wageni mjini Cape Town, Afrika Kusini, kisha tukavushwa bahari hadi Kisiwa cha Robben, palipo gereza linalojulikana dunia nzima. Watu wengi huenda huko kwa ajili ya jina moja, Nelson Mandela, naye anastahiki. Lakini Muislamu wa pwani hii akifika huko hukutana na jina jingine lililotangulia kwa karibu miaka mia mbili, nalo ni jina la mwalimu wa Qur'ani.

Mji wa Cape Town umekaa chini ya mlima uliosawazika kileleni mfano wa meza, na mbele yake ni bahari ya Atlantiki. Aliyezoea maji ya Mombasa au Malindi atashangaa: bahari ipo, bandari ipo, adhana inasikika, walakin maji ni ya baridi na upepo hukata hadi mifupani. Waholanzi walishuka hapo mwaka 1652 kuanzisha kituo cha kupakilia maji na chakula kwa merikebu zilizokwenda India na visiwa vya mashariki. Mtembeza wageni wetu alitupitisha kwanza kwenye ngome yao ya mawe, iliyojengwa baina ya 1666 na 1679, kisha kwenye nyumba walimokuwa wakilazwa watumwa wa kampuni yao. Watumwa hao waliletwa kutoka India, Ceylon, Madagascar, visiwa vya Indonesia, na pwani ya Afrika Mashariki pia.

Pamoja na watumwa waliletwa watu wa namna nyingine: wafalme, makadhi na masheikh wa visiwa vya mashariki waliokataa kutawaliwa. Waholanzi waliwahamishia Cape Town ili wawe mbali na watu wao. Sheikh Yusuf wa Makassar alifikishwa huko mwaka 1694, akafariki 1699, na kitongoji alichoishi hadi leo huitwa Macassar. Katika zama hizo haikuruhusiwa kwa Waislamu kufanya ibada yao hadharani. Ruhusa hiyo haikupatikana mpaka mwaka 1804. Kwa hiyo, zaidi ya miaka mia moja, Uislamu wa mji ule uliishi ndani ya nyumba, milango ikiwa imefungwa. Tunaomba msomaji alishike jambo hili, maana tutalirudia.

Kutoka hapo tulipanda Bo-Kaap, mtaa wa Waislamu ulio ubavuni mwa kilima. Njia zake ni za mawe, na nyumba zake zimepakwa rangi za kung'aa: manjano, samawati, waridi, kijani. Watalii hupiga picha kuta na kwenda zao. Sisi tulivutwa zaidi na yaliyomo ndani ya kuta hizo. Wenyeji ni wa madhehebu ya Imamu Shafi, kama sisi. Wanasoma Ratibu ya Haddad, kama inavyosomwa katika misikiti na nyumba zetu. Wanapokuomba kitu husema "kanala", na wanaposhukuru husema "tramakasie", maneno ambayo mababu zao walikuja nayo kutoka visiwani na hayakupotea, ijapokuwa lugha yenyewe imekwisha kusahauliwa. Kibla chao kiko kaskazini, kikiegemea mashariki kidogo. Sisi wa Mombasa huielekea kaskazini karibu moja kwa moja.

Katika barabara ya Dorp upo Msikiti wa Auwal, uliotambuliwa kuwa msikiti wa kwanza Afrika Kusini, ulioanzishwa mwaka 1794. Hapo tuliswali Adhuhuri nyuma ya imamu wa mji kwa ukamilifu, kisha tukaikusanya nayo Alasiri kwa ruhusa ya msafiri. Na hapo ndipo tulipoonyeshwa msahafu ulioandikwa kwa mkono wa Imamu Abdullah bin Kadhi Abdussalam, ambaye watu wa Cape Town humwita Tuan Guru, yaani bwana mwalimu.

Mzee huyu alitoka kisiwa cha Tidore, katika visiwa vya karafuu vya Indonesia. Waholanzi walimleta Cape Town mwaka 1780 akiwa mfungwa wa dola, umri wake ukikaribia miaka sabini, wakampeleka Kisiwa cha Robben. Alikaa kifungoni zaidi ya miaka kumi. Hakuwa na maktaba. Alichokuwa nacho ni kile alichosomeshwa utotoni na kukihifadhi kifuani. Akaiandika Qur'ani kwa hifadhi yake, na mwaka 1781 akakamilisha kitabu kikubwa cha itikadi na sheria, kilichokuja kuwa tegemeo la Waislamu wa huko kwa muda mrefu baada yake. Alipofunguliwa hakurejea kwao. Alifungua madrasa katika barabara ile ile ya Dorp, wakasoma humo watumwa na watu huru wakiwa wamekaa pamoja. Alifariki mwaka 1807, na kaburi lake liko Tana Baru, juu ya mtaa.

Akina mama, msidhani kuwa hii ni historia ya wanaume peke yao. Nyumba iliyogeuzwa kuwa Msikiti wa Auwal ilikuwa mali ya Coridon, mtu wa asili ya Ceylon aliyekuwa mtumwa kisha akawa huru. Baadaye mali hiyo ikafika mikononi mwa binti yake, Saartjie van de Kaap, naye akaiacha itumike kwa ibada. Kwa hivyo msikiti wa kwanza wa nchi ile ulisimama juu ya elimu ya mfungwa na juu ya mali ya mwanamke aliyezaliwa na mtumwa. Tulipoelezwa hayo ahli yetu alituangalia, wala hakuhitaji kusema neno.

Jambo jingine litawafurahisha wenye kuijua kazi ya wazee wetu walioandika Kiswahili kwa herufi za Kiarabu. Katika madrasa za Cape Town watoto waliandika Kiafrikana kwa herufi hizo hizo, na upo mpaka leo mfano mashuhuri, kitabu cha fiqhi cha Sheikh Abubakar Effendi, kilichopigwa chapa Istanbul mwaka 1877. Mtoto alijifunza dini yake kwa lugha anayonena na mamake, na kwa herufi za Qur'ani.

Mchana tulishuka bandarini kupanda boti. Tiketi inafaa kununuliwa siku kadhaa kabla, na bahari ikichafuka boti haziondoki. Mwenye watoto achukue nguo nzito, hata kama jua limewaka. Safari ni ya kilomita kumi na kidogo, nasi tulielekea kisiwa kidogo, kame, kilicho tambarare. Tukigeuka nyuma tuliuona mji wote na mlima wake. Tulifikiri kwamba huenda hiyo nayo ilikuwa sehemu ya adhabu: mfungwa auone mji kila siku wala asiufikie.

Kisiwa hiki kimetumiwa kwa mengi. Waholanzi waliwafunga watu humo, na Waingereza wakawaweka humo wagonjwa wa ukoma tangu 1846 hadi 1931. Serikali ya ubaguzi wa rangi ilikifanya gereza la wapinzani wake tangu mwanzoni mwa miaka ya 1960, na wafungwa wa kisiasa wa mwisho wakatoka mwaka 1991. Leo ni makumbusho, na tangu 1999 kimo katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO. Karibu na kuta za gereza lipo kuba la Sayyid Abdurahman Moturu, kiongozi wa Kiislamu aliyehamishiwa huko na Waholanzi na akafariki mwaka 1754. Jengo lenyewe limejengwa mwaka 1969. Tulimtolea salamu na tukamuombea dua, kama Sunna inavyotufundisha tunapowazuru maiti Waislamu.

Ndani ya gereza anayewatembeza wageni ni mtu aliyewahi kufungwa humo. Wetu alikuwa mzee mpole, asiyepaza sauti. Alituonyesha seli ambayo Mandela aliishi katika miaka 18 aliyokaa kisiwani, tangu 1964 hadi 1982, kati ya miaka 27 ya kifungo chake. Mtu mrefu huumaliza urefu wake kwa hatua tatu. Mna mkeka, mablanketi na ndoo. Alitueleza juu ya machimbo ya chokaa, ambako wafungwa walivunja mawe kwa miaka 13, na mng'aro wa jua kwenye mawe meupe ukayadhuru macho yao. Katika machimbo hayo hayo walisomeshana. Aliyejua kusoma alimfunza asiyejua, na waliokuwa na shahada waliwasomesha wenzao historia na sheria wakiwa na nyundo mikononi.

Alituonyesha pia ubao wa vyakula. Chakula kiligawanywa kwa rangi ya ngozi. Mfungwa wa asili ya Kihindi au chotara alipewa mkate, na Mwafrika mweusi alinyimwa. Hata suruali zilibaguliwa: Ahmed Kathrada, aliyezaliwa katika nyumba ya Kiislamu ya asili ya Kihindi, alipewa suruali ndefu, ilhali wenzake Waafrika walivalishwa kaptura kama watoto, hata wale waliomzidi umri. Watu waliohukumiwa pamoja, kwa kosa moja, wakatenganishwa kwa sahani na nguo.

Lakini lililotugusa zaidi lilikuwa habari za jamaa. Katika miaka ya mwanzo mfungwa aliruhusiwa barua moja na mgeni mmoja kila miezi sita. Ziara ilikuwa nusu saa, na ilimpasa mtu kuzungumza Kiingereza au Kiafrikana ili askari asikie na aelewe. Hebu fikirini, akina mama, mzazi aliyesafiri siku mbili, akafika, kisha akakatazwa kumsemesha mwanawe kwa lugha aliyomlea nayo. Watoto wenye umri wa miaka miwili hadi kumi na sita hawakuruhusiwa kabisa. Mandela alifiwa na mama yake mwaka 1968, na mwaka uliofuata akafiwa na mwanawe wa kwanza, na mara zote mbili alinyimwa ruhusa ya kwenda kuzika.

Ahli yetu alimuuliza yule mzee ni nani aliyewalea wanawe alipokuwa ndani. Alinyamaza kidogo, kisha akajibu kwamba ni mama yake mzazi, aliyekuwa akiuza mboga. Akasema kwamba siku aliporudi, mwanawe mdogo alimwamkia kwa adabu zote kama anavyoamkiwa mgeni, akamletea kiti. Mzee alicheka alipolisimulia hilo, lakini sisi hatukuweza kucheka.

Ndugu zetu, Qur'ani imetusimulia kwamba Nabii Yusuf, amani iwe juu yake, alipoulizwa na wafungwa wenziwe tafsiri ya ndoto zao, alitanguliza kuwafundisha tauhidi. Gereza lilikuwa darasa tangu zamani. Tuan Guru aliliendeleza darasa hilo. Walakin hakuna awezaye kufundisha gerezani ila kile alichoingia nacho, na Qur'ani haikuingia katika kifua cha mzee yule siku alipofungwa. Ilitiwa utotoni, nyumbani na chuoni, na watu ambao historia haikuyaandika majina yao. Na miaka yote ibada ilipozuiwa hadharani, waliohifadhi dini walikuwa mama na baba ndani ya nyumba.

Leo wengi wetu tumemuachia mwalimu wa chuo kazi yote, na jioni tunamuachia mtoto simu. Mwalimu hukaa na mtoto saa mbili, na mzazi hukaa naye umri. Kurasa chache zinazosomwa baada ya Magharibi, mama akisikiliza na baba akisahihisha, ndizo zitakazobaki siku ambayo hatuna msahafu wala mwalimu karibu.

La pili linatuhusu hapa hapa. Fort Jesus, tunayopita kando yake kila siku tukienda sokoni, ilijengwa na Wareno kuanzia 1593, na chini ya Waingereza ikawa gereza tangu 1895 hadi 1958. Wapelekeni watoto, muwaeleze hilo pia, wasione mizinga peke yake. Kisha mkumbuke kwamba magereza bado yapo, na Shimo la Tewa haiko mbali. Katika kila mtaa yupo mama ambaye mume au mwanawe yuko ndani, aliyehukumiwa au anayengoja hukumu. Aghalabu majirani humkwepa kwa aibu, na watoto wake hutengwa katika michezo. Mwenyezi Mungu amewasifu wenye kumlisha maskini, yatima na mateka, na kosa la mtu halirithiwi na mwanawe. Mpelekeeni mama huyo futari, muulizeni karo imelipwaje, na mtoto wake akae mkeka mmoja na wenu.

Tunamuomba Mola azijaalie nyumba zetu kuwa vyuo vya Qur'ani, awarehemu walimu waliotutangulia, awafariji walio vifungoni kwa dhulma, na awape subira wanaowangojea nyumbani. Amin.