Vicheko vya Kupachikwa

Larry Gelbart alianza kuandikia redio ya Marekani vichekesho akiwa na miaka 16. Mwaka 1972 aliiandaa M*A*S*H kwa televisheni: madaktari wa jeshi katika vita vya Korea wanataniana huku majeruhi wakizidi kuletwa. Wakubwa wa CBS walitaka vicheko vya kurekodiwa. Vikapachikwa, ila Gelbart na wenzake walishikilia visisikike katika chumba cha upasuaji. Mizaha ikaendelea humo, bila mtu wa kutuchekea.

Mimi nizikaye mara kwa mara namwelewa. Watani wetu huchekesha hata kaburini, na wazee wengine wa kanisa hunitaka niwakataze. Sijawakataza. Nimemwona mjane akicheka, machozi yangali yanamtoka, kisha akaomba maji. Tangu jana yake alikuwa hajanywa kitu. Ninayemkataza ni mshika kipaza sauti anayemwamuru mfiwa aseme Amina kwa furaha.