Mbuzi watatu na faili ya mtoto

Huku kwetu Ituri, neno "tumesikilizana" linamaliza mambo mengi. Moto imegonga mtoto wa shule, ng'ombe wameingia katika shamba la mihogo, vijana wamepigana kwenye pombe. Wazee wanaketi, deni linalipwa, hakuna anayefika parke. Mimi sisemi ni vibaya. Jirani aliyelala kasho siku tatu kwa ajili ya mihogo anarudi na hasira, na mihogo hairudi.

Hata sheria inajua hilo. Kifungu cha 9 cha sheria ya mwenendo wa kesi za jinai kinaruhusu OPJ au magistra kumtoza mtu faini ya mapatano kwa kosa ambalo mahakama ingelitoza faini tu. Akiisha lipa, kesi imekwisha. Lakini ile pesa ni ya hazina ya Serikali. Pesa inayotoka mkononi na kuingia mfukoni bila risiti ina jina lingine, na wote tunalijua.

Shida ni pale mapatano yanapoingia mahali ambapo hayana ruhusa. Katika kambi moja ya wakimbizi wa vita, mama mmoja alinieleza habari ya binti yake wa miaka 14. Kijana aliyemharibu anajulikana. Jamaa yake walileta mbuzi watatu na kikwembe, wakaandika karatasi ya kuondoa mashtaka, na baba ya mtoto akatia kidole. Mtoto hakuulizwa.

Nilimuuliza mama kwa nini walikubali.

"Mwanangu, parke nilikwenda mara tano. Kila mara nalipa moto, kwenda na kurudi. Nafika, wananiambia magistra hayupo, rudi Alhamisi. Mbuzi walikuja siku moja tu."

Kuna watu wanaokuja kambini na semina zao wakisema wazazi wanauza watoto. Mimi siwezi kumwambia yule mama maneno hayo. Mbuzi wawili waliuzwa, wakanunua bashe na unga, mmoja alikufa. Binti haendi tena kuchota maji, kwa sababu yule kijana anashinda karibu na robine.

Ndugu wasikilizaji, tangu tarehe 20 Julai 2006 tuna sheria mbili juu ya mambo haya, namba 06/018 na 06/019. Ubakaji unaadhibiwa kifungo cha miaka 5 hadi 20. Kifungu cha 9bis kinasema faini ya mapatano haitumiki kwa jeuri ya kingono. Uchunguzi wa kwanza ufanyike kwa mwezi mmoja, na hukumu itoke kwa miezi mitatu. "Rudi Alhamisi" mara tano haikuandikwa mahali popote. Na mzazi anayemlazimisha binti aolewe na aliyemharibu, akidhani amesafisha jina la jamaa, naye anaweza kufungwa, mwaka 1 hadi 12.

Tena kidole cha baba hakifungi mikono ya parke. Kesi kama hiyo ni ya Jamhuri. Prokirere anaweza kuendelea hata jamaa wakinyamaza. Lakini shahidi asipokuja, faili inalala, na wale walioleta mbuzi wanalijua hilo vizuri kuliko sisi.

Kwa hiyo ombi langu ni kwa waheshimiwa magistra kwanza, kabla ya wazazi: mahakama ya kutembea ifike kambini. Imekwisha fika vijijini mara nyingine, watu wakasikia hukumu kwa masikio yao, bila kulipa moto.

Kwa mama aliye na jambo kama hili leo: peleka mtoto hospitali kabla ya saa 72, maana dawa ya kuzuia ukimwi haingoji zaidi. Omba karatasi ya daktari, uitunze wewe mwenyewe. Mtu akikuletea karatasi ya kutia kidole, omba kwanza isomwe kwa sauti, mbele ya mtoto.