Mji Usio na Baraza

Mwanafunzi wangu mmoja aliniuliza zamani: "Mwalimu, mahali pasipo na baraza wala reli, paweza kuitwa mji?" Nikamjibu kwa haraka, "La, hicho ni kijiji tu." Akaandika, nami nikaugeukia ubao. Jibu lile lilianza kunichoma niliposoma habari za Nicodemus.

Nicodemus ni makazi madogo ya mashambani katika jimbo la Kansas, Marekani. Yaliasisiwa mwaka 1877, miaka 12 tu baada ya utumwa kukomeshwa nchini humo, na Waamerika Weusi waliotoka Kentucky. Walikuwa wameahidiwa ardhi njema na mji wao wenyewe. Walichokikuta ni mbuga tupu isiyo na miti ya kujengea. Basi wakachimba ardhi, wakakaa mashimoni. Willianna Hickman, aliyefika mwaka 1878, alisimulia baadaye kwamba alipoonyeshwa moshi uliokuwa ukifuka kutoka ardhini, akaambiwa ndio Nicodemus, aliangua kilio.

Baadhi yao walirudi walikotoka. Waliobaki walilima, wakajenga makanisa, maduka na shule. Jenny Fletcher akawa mwalimu wao wa kwanza. Mwaka 1888 reli waliyoitumainia ikapita kwingine, na wafanyabiashara wengi wakaifuata. Posta nayo ilifungwa mwaka 1953. Hata sasa Nicodemus haina baraza la mji. Hata hivyo, kila mwaka, mwishoni mwa Julai, wajukuu na vitukuu wa waasisi hurejea kutoka mbali kusherehekea asili yao. Mwaka 1996 serikali ya Marekani ilipatangaza mahali hapo kuwa eneo la kihistoria la taifa.

Nilipoyasoma hayo nililitazama upya neno letu. Mji ni jumla ya nyumba, kubwa au ndogo. Mji pia ni makao ya jamaa. Sehemu ya kati ya kanga, iliyozungukwa na pindo, ni mji. Tumbo la mama nalo lina mji, anamokaa mtoto kabla ya kuzaliwa. Katika maana zote hizo sioni baraza wala reli. Naona mahali panapomhifadhi mtu, na anapopakumbuka kuwa ndiko alikotoka.

Mwanafunzi yule leo ni mwalimu mwenzetu. Nimemwandikia barua: alifute jibu langu daftarini, asije akawarithisha wanafunzi wake kosa la mwalimu wake.