Watazamaji si Pesa

Jamani, wengi wetu tunaoweka nyimbo mtandaoni tunadhani watazamaji wakiwa wengi, pesa nayo itakuja. Hebu tuangalie Pomplamoose, kundi la Wamarekani wawili, Jack Conte na Nataly Dawn, waliojulikana kwa video za YouTube. Mwaka 2014 walipiga shoo miji 23 kwa siku 28. Waliingiza dola 135,983, wakatumia 147,802. Hasara 11,819! Conte akatoa hesabu yote hadharani. Tayari 2013 alishaanzisha Patreon na mwenzake, ili shabiki amchangie msanii moja kwa moja.

Sisi tunachangishana bando, kisha tunagombana nani kala. Tununue daftari kwanza. Kila shilingi iandikwe, kila mtu aione.