Mtungi wa Shilingi 50

Wahenga walinena kwamba biashara haigombi. Nakubali. Lakini, mpenzi msomaji, ingawa biashara haigombi, iko siku inaweza kukugombanisha na nafsi yako. Kisa hiki sikusimuliwa na mtu. Kilinipata mimi mwenyewe likizo ya Aprili mwaka jana.

Kwanza nataka mjue kwamba mimi nimelelewa na soko. Mama yangu huuza nyanya na vitunguu katika kibanda kando ya barabara, hapa Kisauni. Alfajiri na mapema, wengi wetu tukiwa bado tunakoroma, yeye huwa amekwisha panda matatu kwenda Kongowea. Huko malori huwa yameingia usiku: nyanya za Taveta na Loitokitok, viazi vya bara, vitunguu vya Tanzania. Hakuna mtu aliyempigia simu mkulima wa Taveta kumwambia kwamba watu wa Kisauni wanataka mchuzi. Bei ndiyo iliyomwita, naye akaitika. Sare niliyovaa na kalamu ninayoandikia vimetoka katika mafungu ya nyanya. Kwa hivyo msinihesabu miongoni mwa wale wanaolitukana soko.

Darasani nako, mwalimu wetu wa somo la biashara alitufundisha mahitaji na ugavi. Kitu kikiadimika, bei hupanda. Bei ikipanda, wauzaji huja mbio. Wauzaji wakiwa wengi, bei hushuka. Alitutajia Mskochi Adam Smith, aliyechapisha kitabu chake mwaka 1776, akaeleza jinsi mtu anayetafuta faida yake mwenyewe anavyoweza kuwafaa wengine bila kukusudia. Nililipenda somo lile ajabu. Nilipata alama 17 kwa 20, nikatembea kifua mbele kama jogoo wa shamba.

Sasa tuje kwenye maji. Mombasa imezungukwa na bahari, lakini maji yake ya kunywa hutoka mbali. Mengine husafiri kutoka chemchemi za Mzima, huko Tsavo, kwa bomba la zaidi ya kilomita 200 lililokamilika mwaka 1957. Sisi wa kaskazini hutegemea zaidi visima vya Baricho, kando ya mto Sabaki. Bomba likipasuka, au umeme wa kuendesha pampu ukipotea, mifereji yetu hukohoa mara mbili tatu kisha ikanyamaza.

Likizo ile ilinyamaza siku sita. Binamu yangu akaazima mkokoteni, tukapata nyumba moja yenye kisima kirefu cha maji matamu. Tulinunua mtungi wa lita 20 kwa shilingi 10. Siku za kawaida mtungi huuzwa mtaani kwetu shilingi 20. Siku ile tukauza 50, na watu hawakusita. Bwana mmoja alichukua mitungi sita kwa mpigo, kisha mbele ya macho yetu akaosha gari kwa minne. Safari tatu, mitungi 15 kila safari. Jua lilipofika utosini nilikuwa na faida ya shilingi 1,800 mfukoni. Ama kweli niliona somo la biashara linatembea kwa miguu miwili!

Katika safari ya tatu ndipo bibi mmoja jirani yetu alipotoka akiburura mtungi mtupu. Ni mkongwe, anaishi na mjukuu wake mdogo wa kike.

"Shikamoo, bibi," tukamwamkia.

"Marahaba, wanangu." Akafungua pindo la leso, akatoa sarafu moja ya shilingi 20. "Nitilieni mmoja."

"Bibi, bei imepanda. Ni 50."

"Hamsini? Juzi si ilikuwa ishirini?"

"Juzi mfereji ulikuwa watoka, bibi. Leo hakuna maji."

Aliniangalia. Hakunitukana wala hakunibembeleza. Alifunga sarafu yake katika pindo la leso, akageuka na mtungi wake mtupu. Moyo ulinidunda kidogo, lakini binamu akaninong'oneza, "Tukimpa huyu, wote watakuja." Tukasukuma mkokoteni.

Jioni tulisikia kelele uani kwa bibi. Mjukuu alikuwa akiharisha tangu usiku uliotangulia, na mchana kutwa alikuwa amenyweshwa maji ya kisima cha zamani, yale ya chumvi ambayo sisi huogea tu. Alikuwa amelegea kama kitambaa. Mama na akina mama wengine walimbeba hadi zahanati, akatiwa maji ya mshipa. Mungu si Athumani, siku ya tatu alirudi nyumbani. Sisemi kwamba mimi ndimi niliyemwuguza. Alikuwa mgonjwa kabla sijamwona bibi. Ninachojua ni kwamba maji safi yalikuwa kwenye mkokoteni wangu, na mimi ndimi niliyeyasukuma yakapita.

Usiku ule mama aliniita. "Toa zile pesa. Hesabu."

Nikahesabu. "Ni 1,800, mama."

"Umehesabu vizuri. Sasa mhesabu na yule mtoto."

Kijasho chembamba kilinitoka. Hata hivyo nilijitetea. "Lakini mama, na wewe lori lisipokuja si wapandisha bei ya nyanya?"

"Napandisha. Asiyeweza bei yangu atatia ukwaju, au atakula mchicha siku ile. Hatakufa kwa kukosa nyanya zangu. Wewe, asiyeweza maji yako atakunywa nini? Ukwaju?"

Nilitulia kama maji mtungini.

Tangu siku ile nimelifikiria sana jambo hili, na sitaki kuwadanganya. Kitabu hakikukosea. Kama faida isingekuwapo, mimi na binamu tungelala hadi saa nne, na mtaa wetu usingepata hata mtungi mmoja. Isitoshe, kufikia siku ya nne mikokoteni ilikuwa imemiminika kutoka mitaa mingine, na bei ikashuka hadi 30. Soko lilifanya kazi yake. Lakini bibi alihitaji maji siku ile, wala si siku ya nne. Tena soko halisikii kiu, husikia pesa. Kiu ya mjukuu wa bibi ilikuwa kubwa kuliko kiu ya lile gari, lakini sauti yake ilikuwa ya shilingi 20 tu.

Wengine watasema, basi serikali ipange bei. Si rahisi hivyo. Mwaka 2017 unga ulipopanda, serikali ilifidia paketi ya kilo 2 iuzwe kwa shilingi 90. Bei ilikuwa nzuri, lakini madukani rafu nyingi zilikuwa tupu, na watu walipanga foleni ndefu. Kuandika bei ndogo ni jambo moja. Kuleta kitu chenyewe ni jambo jingine.

Naona dawa ni kutenganisha vitu. Nyanya, viatu na simu tuwaachie wenye soko washindane. Lakini maji ya kunywa yasimtegemee mvulana mwenye mkokoteni na tamaa zake. Katiba yetu ya mwaka 2010, Kifungu cha 43, inasema kila mtu ana haki ya kupata maji safi na salama ya kutosha. Haikusema kila mtu mwenye shilingi 50. Kila mtaa ungekuwa na tangi la umma linalojazwa mifereji ingali hai, bibi asingehitaji huruma yangu, wala mimi nisingekuwa na nafasi ya kumnyima. Mikokoteni nayo iendelee kuja, kazi ipo.

Hukumu yangu ilitoka kwa mama: kila jioni, hadi likizo iishe, nimpelekee bibi mtungi mmoja bila malipo. Jioni ya kwanza nilitembea nikiwa nimeinamisha kichwa, nikingojea kusutwa. Bibi hakunisuta. Aliupokea mtungi, akatia maji katika sufuria, akabandika motoni. Mjukuu alikuwa amekaa mkekani akichezea kifuniko.

"Kaa, mwanangu," bibi akasema, akanimiminia chai. "Kunywa."

Nilikunywa chai ile, wanafunzi wenzangu, na hakuna aliyenitajia bei.