Inningi Nne na Theluthi Mbili

Kabla ya siku ile sikujua kwamba mtu anaweza kufunga kamba za viatu kwa dakika nne.

Alikuwa mchezaji wa Homa Bay, kijana mrefu wa kidato cha tatu, na zamu yake ya kupiga ilikuwa imefika. Alifunga kamba ya kushoto, akaifungua, akaifunga tena. Kisha akagundua kwamba kofia yake ngumu inambana. Nyuma yake, upande wa Kisii, wingu lilikuwa limeiva, jeusi kama sufuria ya mama wa chipsi, na kocha wetu wa Migori alikuwa anapiga kelele: "Refa, huyo si anachelewesha? Refa, bana!"

Mimi nimezoea kandanda, ambako anayeongoza ndiye huanguka ovyo na kushika goti. Hapa mambo yalikuwa yamegeuka. Sisi tulikuwa tunaongoza 6 kwa 4, na sisi ndio tuliokuwa tunaomba mchezo uende mbio. Wao, waliokuwa nyuma, walikuwa wanaiombea mvua.

Besiboli si mchezo wa wengi huku kwetu. Tunacheza kwenye uwanja wa kandanda, besi zetu ni magunia ya sukari yaliyojazwa mchanga, na hata jina la kifaa chenyewe cha kupigia linatusumbua. Ukisema bati, watu wanafikiria paa. Ukisema gongo, ndugu zetu walio ng'ambo ya mpaka wa Isebania wanafikiria chang'aa. Tulikubaliana tuseme rungu. Kocha alijifunzia Uganda, ambako mchezo huu una mizizi kuliko kwetu. Mwaka wa 2012 watoto wa Lugazi walifika mashindano ya dunia ya Little League kule Williamsport, Marekani, timu ya kwanza kutoka Afrika. Aliporudi alikuwa na glavu sita kwenye gunia na imani ya mhubiri.

Mimi aliniita niwe mwandishi wa alama. "Wewe si ulisoma takwimu chuoni? Hii haiwezi kukushinda." Malipo yalikuwa mia tano na soda. Nikakubali, kwa sababu wiki hiyo kazi yangu nyingine ilikuwa kuandika maelezo ya viatu vya mtu anayeuza mtandaoni, ambaye bado hajanilipa.

Kwa hivyo nilikuwa mezani, kitabu wazi, penseli mkononi, na ninajua kabisa kwa nini yule kijana haamini kamba zake.

Sheria iko hivi. Inningi moja ni zamu mbili: wageni wanapiga mpaka watu wao watatu watolewe, kisha wenyeji wanapiga mpaka wao pia watolewe watatu. Wakubwa hucheza inningi 9, vijana wetu 7. Mvua ikikatiza, mchezo unahesabika rasmi iwapo inningi 5 zimekamilika. Halafu kuna kijisehemu nilichokisoma mara tatu kabla hakijaniingia: wenyeji wakiwa wanaongoza, nne na nusu zinatosha. Wenyeji ndio hupiga mwisho, kwa hivyo wageni wakimaliza zamu yao ya tano na bado wako nyuma, hakuna haja ya wenyeji kupiga.

Ukikatika kabla ya hapo, mchezo haupo. Si sare, si ushindi nusu. Haupo. Little League ya Marekani yenyewe huuendeleza siku nyingine pale ulipokomea, lakini kwenye karatasi waliyosaini makocha wetu wawili iliandikwa kwamba utaanza upya, kwa sababu hakuna aliyeweza kuahidi kwamba watoto walewale watapata nauli mara ya pili.

Sasa hesabu mwenyewe. Tulikuwa kwenye zamu ya tano ya wageni. Wawili wao wameshatolewa. Alibaki mmoja.

Mfunga kamba hatimaye alisimama, akapiga mpira wa chini, akakimbia. Mlinzi wetu akaurusha mpira besi ya kwanza, ukafika karibu pamoja na yule kijana. Refa akanyoosha mikono yote miwili pembeni: salama. Lakini wakati huohuo radi ilipasuka juu ya miwa, na katika ule mshtuko nusu ya uwanja iliona mikono ikaelewa kinyume. Vijana wetu waliruka, wakakumbatiana, wakakimbia kutoka uwanjani kama mabingwa. Mvua ikaja palepale, ile ya kwetu ya saa kumi, isiyonyesha bali inamwagwa.

Tulijibana kwenye kibaraza cha duka la agroveti, timu zote mbili, harufu ya mbolea na jasho. Refa hawezi kuuvunja mchezo hapo hapo. Sheria inamtaka asubiri angalau dakika 30. Zile dakika 30 ndizo ndefu zaidi nilizowahi kukaa, na nimewahi kukaa kwenye foleni ya HELB.

Kocha wetu alianza taratibu. "Huyo wa mwisho alitolewa. Hata watoto waliona." Kocha wa Homa Bay, mama mmoja mtulivu mwenye sauti ya mwalimu wa zamu, akasema, "Kocha, refa alionyesha salama. Walikuwa wawili." Refa, mwalimu wa shule fulani, alitoa mfukoni kile kidude chake cha kuhesabia. Kilikuwa kimeingia maji na namba hazisomeki. Ubao wa chaki ulikuwa umebaki uwanjani, na pale tulipokuwa tuliuona ukiwa mweusi, msafi kabisa.

Naamini refa alijua. Lakini alikuwa amezungukwa na vijana thelathini wanaopiga kelele, na mtu mwenye shaka hutafuta karatasi. Akanigeukia. "Mwandishi, kitabu kinasema wangapi?"

Kila anayetolewa, unaandika namba yake ndani ya kiduara. Moja. Mbili. Tatu. Kitabu nilikuwa nimekificha chini ya shati, kikavu. Hakuna mwingine aliyekuwa amekiona. Kiduara cha tatu kingenichukua sekunde moja.

Kocha wangu alisema kwa sauti ya chini, "Omera, angalia vizuri." Mbele yangu alikuwa amesimama binti wetu mmoja, Namba 11. Katika inningi ya tatu, wenzake wawili wakiwa kwenye besi, alikuwa ameupiga mpira ukavuka uwanja mzima ukatua kwenye miwa ya watu. Alizunguka besi zote nne huku akicheka kwa sauti. Pigo lake la kwanza la aina hiyo maishani. Alama tatu kati ya zile sita zilikuwa zake. Hakusema kitu. Alikuwa anaiangalia penseli.

"Wawili, mwalimu," nikasema.

Dakika 30 zikaisha, mvua haikuisha. Refa akatangaza. Nikaandika kwa mshazari juu ya ukurasa mzima: HAUHESABIKI.

Niseme ukweli, sikujisikia kama mtu mwema. Nilijisikia kama karani. Na mimi makarani nawajua. Niliacha chuo mwaka wa tatu, siwezi kusema kwa hiari, baada ya salio la karo kunifungia mlango wa chumba cha mtihani. Nilikuwa nimefaulu kila somo la miaka miwili ya kwanza. Siku hizi nikijaza fomu ya kazi nakutana na visanduku: sekondari, diploma, digrii. Hakuna kisanduku cha mwaka wa tatu. Ninaweka tiki kwenye sekondari, kana kwamba ile miaka niliilala. Kwa hivyo usifikirie kwamba naipenda mistari inayosema huku unahesabika, huku haupo. Naichukia. Na mkono wangu ndio ulioichora.

Usiku ule nililala nikitafuta mahali ambapo sheria imekuwa na roho laini. Kandanda haina mstari kabisa: sheria zake zinasema mechi iliyovunjika irudiwe, isipokuwa kanuni za mashindano ziseme vingine, yaani mjadiliane. Kriketi ina mstari. Kwa mechi za overi 50, kila upande lazima upate angalau overi 20 ndipo kuwe na mshindi. Kisha nikakumbuka Kombe la Dunia la kriketi la 2003, lile ambalo Kenya ilifika nusu fainali. Watu hukumbuka Collins Obuya akiwaangusha Wasri Lanka watano pale Nairobi. Wachache hukumbuka kwamba New Zealand walikataa kuja Nairobi wakihofia usalama, na Kenya ikapewa pointi za mechi hiyo. Haikurushwa hata mipira miwili, na ilihesabika. Katika kundi hilohilo, Afrika Kusini, wenyeji, walicheza na Sri Lanka kule Durban, mvua ikaja, na kwa sababu walikuwa wameisoma vibaya karatasi ya hesabu za mvua, Mark Boucher aliuzuia tu mpira wa mwisho akidhani wameshashinda. Ilikuwa sare. Walihitaji mkimbio mmoja. Wakatolewa nyumbani kwao.

Wakubwa nao wana yao. Fainali za besiboli za Marekani mwaka wa 2008, mchezo wa tano, Philadelphia, mvua ilikatiza inningi ya sita alama zikiwa 2 kwa 2. Haukufutwa wala haukufungwa. Ulisubiri siku mbili ukaendelea palepale, Philadelphia wakashinda 4 kwa 3 na ubingwa. Wenye pesa mvua huwasubiri.

Kilichonituliza kidogo, ajabu, ni kile kijisehemu cha nne na nusu. Kama sheria ingekuwa inapima muda, kisingekuwepo. Haipimi muda. Inamhesabia anayeshindwa zamu zake. Inauliza: aliye nyuma amepata nafasi tano za kujibu? Homa Bay walikuwa na nafasi nne na theluthi mbili, mtu mmoja kwenye besi, na mpigaji mwingine ameshashika rungu. Yule mama alikuwa anadai kitu kidogo sana, mpigaji mmoja, na kilikuwa chake. Chuoni hakuna aliyenihesabia zamu. Walihesabu salio.

Kocha hakunisemesha kwa siku tisa. Siku ya kumi alituma ujumbe: tarehe, nauli, "beba kitabu." Mahali: Homa Bay. Muda: saa tatu asubuhi. Alikuwa amejifunza kile ambacho kila mwanamke anayeanika omena anajua, kwamba asubuhi ni ya jua, na upepo wa ziwa ukishaanza kupanda nchi kavu mchana, usimwamini mtu anayekuambia saa kumi kutakuwa kukavu.

Tulipitia Rongo, watoto wakiimba mpaka wakachoka. Homa Bay ilikuwa angavu, kilima cha Asego kimesimama wazi bila hata kofia ya wingu. Nilipokuwa natandaza kitabu mezani, Namba 11 alikuja akafungua kurasa za nyuma mwenyewe, mpaka ule ukurasa. Chini ya maandishi yangu ya mshazari alama zote zilikuwepo bado, na ile almasi ndogo ya inningi ya tatu niliyoipaka penseli nyeusi tii, mraba wake wa zamu ya pigo lile.

"Hukufuta," akasema.

"Nilipiga mstari tu."

Akaupiga picha kwa simu ya kocha. Kisha akaniangalia mkononi.

"Leo unaandika na penseli tena?"

Nilikuwa nimebeba kalamu pia. Nikaitoa. Refa akapiga filimbi, na sisi, wageni siku hiyo, tukaenda kupiga kwanza.