Hati ya Upepo katika Mchanga wa Turkana

Barabara itokayo Kitale huteremka kutoka milima ya Pokot Magharibi hadi nyanda za Turkana, na baada ya kilomita zipatazo 300 humfikisha msafiri Lodwar, mji mkuu wa kaunti, ukingoni mwa mto Turkwel. Kilomita nyingine 120 hivi kuelekea kaskazini-magharibi iko Kakuma, penye kambi ya wakimbizi iliyofunguliwa mwaka 1992. Baina ya miji hii miwili nchi ni changarawe, migunga, mikoma na mchanga. Na juu ya mchanga huo, asubuhi kabla ya nyayo za mbuzi kupita, mna mistari.

Mwanamke wa pwani haioni migeni mistari hiyo. Hufanana na ukili uliotandazwa tayari kushonwa mkeka, au na ufuo wa bahari maji yakipwa. Wanawake wa Kiturkana nao ni wasusi. Vikapu vyao husukwa kwa majani ya mkoma, mti wa jamii moja na ule utoao miyaa yetu. Lakini mistari ya mchanga si pambo tu. Ni hati, na katika nchi hii yenye maji haba anayejua kuisoma hujinusuru yeye na watoto wake.

Mwandishi wa hati hiyo ni upepo, na upepo wenyewe asili yake ni kwetu. Hewa itokayo Bahari ya Hindi huingia bara na kubanwa baina ya milima ya Ethiopia na nyanda za juu za Kenya. Pale penye mwanya huo huongeza kasi, hasa usiku na alfajiri. Mwaka 1982 wataalamu wawili wa hali ya hewa, Kinuthia na Asnani, waliueleza mkondo huo kwa vipimo. Upepo huo ndio unaozungusha mitambo 365 ya umeme karibu na Loiyangalani, ng'ambo ya pili ya Ziwa Turkana.

Ukishika kasi, upepo huzirusha chembe za mchanga chini chini. Kila chembe huinuka kidogo, husukumwa mbele, huanguka, na pigo lake huzisogeza nyingine. Palipo na mwinuko mdogo, upande unaoukabili upepo hupigwa zaidi, na upande wa nyuma husitirika. Hapo tuta dogo huzaliwa, na mbele yake jingine. Ralph Bagnold, mwanajeshi na mhandisi wa Kiingereza aliyezunguka sana katika jangwa la Libya, aliifafanua kazi hii katika kitabu alichokitoa mwaka 1941. Kila tuta huwa na mteremko wa pole upande upepo unakotoka, na mteremko mkali upande unakokwenda. Chembe kubwa hubaki kileleni, ndogo hukaa bondeni, na vumbi jepesi huchukuliwa mbali.

Kwa msafiri Mwislamu elimu hii ina manufaa ya ibada. Mombasa kibla kiko karibu kaskazini kamili. Lodwar, iliyo magharibi zaidi, kibla chake huegea mashariki kiasi cha nyuzi 12 kutoka kaskazini. Upepo wa kusini-mashariki huchora mistari inayokatiza njia yake, yaani kutoka kusini-magharibi hadi kaskazini-mashariki. Msafiri akiupa upepo huo mgongo, kibla kiko mbele yake upande wa kulia, baina ya uso wake na mwelekeo wa mistari. Hata hivyo kilima kimoja au dhoruba ya usiku yaweza kuugeuza upepo. Kwa hivyo jua, dira, na mihrabu ya msikiti ulio karibu hutangulizwa, na mchanga huwa shahidi wa kutilia nguvu tu.

Kadhalika katika kutayamamu. Madhehebu ya Imamu Shafi, yaliyoenea pwani yetu, hutaka udongo safi wenye vumbi. Kilele cha tuta kilichopepetwa na upepo usiku kucha hubaki chembe tupu. Afadhali mtu atafute mahali palipositirika, ambapo vumbi limetua.

Iko hati ya pili, nayo ni ya maji. Mto Tarach, unaopita Kakuma, ni laga: mto wa msimu, mkavu kwa sehemu kubwa ya mwaka. Chini ya mchanga wake maji hukaa baina ya chembe, yamefichwa jua, na wanawake huchimba visima vifupi kuyafikia. Mistari inayoachwa na mto uliopita hutofautiana na ya upepo. Ya upepo ni mirefu, iliyonyooka na yenye matuta ya chini. Ya maji aghlabu ni mifupi, imeinuka zaidi, na imepinda kama magamba ya samaki, mteremko wake mkali ukielekea mto unakoteremkia. Pale tope lilipotua na kukauka, ardhi hupasuka vipande vya pembe nyingi, na kingo zake hujikunja.

Hapa ndipo penye hatari. Mvua hunyesha mbali, milimani, na maji hufika katika laga huku mbingu iliyo juu ya kichwa ni nyeupe. Mafuriko ya Tarach yameshabomoa nyumba za wakimbizi zaidi ya mara moja. Mama anayewapeleka wanawe kuchota maji, au dereva anayetaka kupumzika kivulini, akiona magamba yale na tope lililopasuka, ajue amesimama ndani ya njia ya mto. Na asipoyaona asijiaminishe, kwani siku chache za upepo hutosha kuifuta hati ya maji na kuandika nyingine juu yake. Laga hubaki laga hata ikivaa mistari ya jangwa.

Elimu ya Kakuma haikuishia Kakuma. Mwaka 2002 Wasomali Wabantu wapatao 12,000 waliletwa hapa kutoka Dadaab kabla ya kuhamishiwa Marekani. Wengi wao ni Waislamu, na baadhi yao wangali wakisema Kizigua, lugha ya mababu waliochukuliwa utumwani katika karne ya 19 kutoka ardhi ambayo leo ni Tanzania. Familia nyingi zilifikia miji kama Lewiston, katika jimbo la Maine, na Burlington, katika jimbo la Vermont, ambako majira ya baridi hufunika ardhi kwa theluji.

Theluji nayo huandikwa na upepo, lakini kanuni ya kuisoma yaweza kugeuka. Chembe za mchanga mkavu hazishikani, kwa hiyo upepo huzipanga. Chembe za theluji hugandana zikawa ngumu, na upepo huzichonga kama fundi achongavyo mlango. Hutokea migongo mikali inayoitwa sastrugi, neno la asili ya Kirusi. Ncha yake kali huelekea upepo unakotoka, kinyume cha tuta la mchanga, ambalo ukali wake uko upande wa pili. Wainuiti wa Igloolik, kaskazini ya Kanada, hushika njia kwa ndimi za theluji za namna hiyo, hata penye ukungu. Mtu wa Turkana akiisoma theluji hiyo kama mchanga wa kwao, atauelewa upepo kinyume.

Sura ya 46 ya Qur'ani inaitwa Al-Ahqaf, maana yake vilima vya mchanga vilivyopinda. Humo imo habari ya kaumu ya Adi, waliokaa katika nchi ya mchanga. Waliliona wingu likija mabondeni mwao wakafurahi kuwa ni mvua, kumbe ni upepo wenye adhabu. Turkana hutokea kinyume chake: mbingu haina wingu, na maji yako njiani. Kwa hivyo anayesafiri na watoto asiridhike na anachokiona juu peke yake. Aangalie chini pia, na kabla ya kutandika jamvi lake penye mchanga, amuulize mwenyeji mto unapita wapi.